Safari ya Miguu Katika Mashamba ya Cheptais



Kila likizo ya Disemba inapokaribia, wazazi wa mtaani petu huniuliza swali lile lile: mwaka huu tuwapeleke wapi watoto? Hoteli za ufuoni zi karibu, lakini siku moja humo humaliza akiba ya mwezi mzima, na mengi yafanyikayo pale hayamfai mtoto aliyelelewa chuoni. Kukaa nyumbani nako kuna adha yake. Mtoto hushinda na simu mkononi, na likizo ikaisha asijue lolote jipya kuhusu nchi yake wala watu wake.

Disemba iliyopita familia tatu za mtaa mmoja, watu tisa kwa jumla, tuliamua kufunga safari ya mbali kwa gharama ndogo. Tulikwenda Cheptais, kaunti ya Bungoma, kwenye miteremko ya kusini ya Mlima Elgon, tukatembea kwa miguu siku mbili vijijini na mashambani tukiongozwa na kijana mwenyeji. Miongoni mwetu alikuwamo mama mkwe wangu, Bi Mkubwa wa miaka sitini na minane. Sisi tulidhani atabaki kwenye nyumba ya wageni akitungoja. Ilivyokuwa, yeye ndiye aliyetufunza zaidi katika safari ile.

Njia ya kufika

Kutoka Mombasa tulipanda gari moshi la SGR hadi Nairobi, daraja la kawaida, ambalo nauli yake tangu Januari 2024 ni shilingi 1,500. Usiku tukachukua basi lipitalo Nakuru, Eldoret na Webuye, na alfajiri tukawa Bungoma. Tukaswali katika msikiti wa mjini, tukanywa chai, kisha tukapanda matatu kuelekea upande wa Sirisia na mlimani. Kadiri gari lilivyopanda, miwa ilipungua na migomba ikaongezeka, na hewa ikawa ya baridi kama ya asubuhi ya kipupwe.

Muislamu wa pwani asijione mgeni kabisa katika pande zile. Mumias, ambayo haiko mbali na Bungoma, ilikuwa kituo cha misafara ya Waswahili tangu karne ya 19, na Uislamu ulipata makao katika mji ule zama za Nabongo Mumia, aliyefariki mwaka 1949. Aidha, Joseph Thomson, msafiri wa Kiskoti, alipofika Mlima Elgon mwaka 1883 na kuyatazama mapango yake, wapagazi waliombebea mizigo walikuwa watu wa Unguja na pwani, na sehemu ya safari yake aliandamana na Jumbe Kimameta, mfanyabiashara wa Pangani. Kitabu kilimpa sifa Thomson. Miguu iliyopanda ilikuwa ya babu zetu.

Mlima na watu wake

Elgon ni volkano iliyozimika zamani. Kitako chake ni kipana mno, kiasi cha kilomita 80, na kwa sababu hiyo mtu aliye karibu nao huweza asitambue kwamba yuko mlimani. Ardhi hupanda taratibu, kilima juu ya kilima. Kilele cha juu zaidi, Wagagai, chenye mita 4,321, kiko upande wa Uganda. Wengi hulihusisha jina Elgon na Wakony, mojawapo ya koo za Wasabaot, ambao ndio wenyeji wengi wa Cheptais na lugha yao ni ya jamii ya Wakalenjin. Chini yao wako Wabukusu, nao mlima huuita Masaba. Mbukusu akikusalimu husema "Mulembe", na maana yake ni amani. Wanangu walifurahi mno kulijua hilo, kwamba kumbe mtu wa bara naye humkaribisha mwenziwe kwa kumtakia amani, kama tufanyavyo sisi kwa salamu yetu.

Jambo moja lilinigusa asubuhi ya kwanza. Mombasa tunapoelekea Kibla huelekea kaskazini. Cheptais nako Kibla ni kaskazini, kikipinda kidogo mashariki, na mlima wote uko upande huo huo. Tulipotandika mikeka yetu nje, mlima ulikuwa mbele yetu umefunikwa na ukungu hadi kifuani. Binti yangu mdogo akauliza, "Baba, mbona kama tunauswalia mlima?" Nikamwambia kwamba twamsujudia Aliyeuumba, na mlima nao ni mja mwenzetu. Nimesomesha somo la tauhidi miaka mingi ndani ya darasa lenye kuta nne. Siku ile mtoto alilifahamu kwa pumzi moja.

Ngazi za udongo

Kiongozi wetu alikuwa kijana wa umri usiozidi miaka thelathini, mtulivu, mwenye adabu. Tulimpata kwa msaada wa ndugu wa msikitini Bungoma waliomjua yeye na wazee wake. Tulikutana naye sokoni Cheptais saa moja na nusu asubuhi. Njia yake haikupitia barabara kuu. Alituingiza kwenye vijia vya mashambani, kati ya kahawa na migomba, mahindi, maharage na vitunguu, na kila mpaka wa shamba alisimama akabisha hodi kwa sauti. Hapo nikaelewa kwa nini safari kama hii haifai bila mwenyeji. Vijia vile si vya umma. Ni nyua za watu, na mgeni asiyebisha hodi ni mvamizi hata akiwa na nia njema.

Kitu cha kwanza alichotuonyesha kwa fahari ni matuta. Mteremko mkali wa mlima umekatwa ngazi ngazi, kila ngazi na mmea wake. Alitueleza namna yanavyojengwa, na wakulima wa Afrika Mashariki wote huiita njia hiyo kwa jina la Kiswahili, fanya juu. Mkulima huchimba mtaro kufuata usawa wa kilima, asikate kwenda chini, na udongo anaouchimba huutupa upande wa juu ukawa tuta. Juu ya tuta hupanda majani ya Napier, ambayo mizizi yake hushika udongo na majani yake hulishwa ng'ombe. Mvua inyeshapo, maji yanayoteremka na udongo husimama nyuma ya tuta. Mwaka baada ya mwaka udongo hujaa pale, na mteremko ukawa ngazi. Ukambani, hasa Machakos, njia hii ndiyo iliyorudisha uhai wa vilima vilivyokuwa vimechakaa.

Msomaji aliyewahi kufika Oman atakumbuka Jabal Akhdar, ambako makomamanga na mawaridi hukua kwenye ngazi za mawe zinazonyweshwa na mifereji ya aflaji. Huko Ufilipino, milima ya Banaue na jirani zake ina ngazi za mpunga ambazo mwaka 1995 ziliingizwa katika urithi wa dunia, na watu huvuka bahari kwenda kuzitembea. Za Cheptais hazina mpunga wala umaarufu huo. Lakini kazi ni ile ile: mwanadamu kuukubali mlima ulivyo, na kuusihi umwachie udongo wake.

Na hili si pambo. Machi 2010, katika wilaya ya Bududa upande wa Uganda wa mlima huu huu, mvua kubwa iliuporomosha mlima ukakizika kijiji cha Nametsi pamoja na watu wake. Ngazi za udongo haziwezi kuzuia kila poromoko, kwani mengine huanzia chini sana ardhini. Lakini mteremko usio na miti wala matuta humwacha mwenye shamba mikono mitupu mbele ya mvua. Tulimkuta mama mmoja akilifukua tuta lake lililobomoka, mtoto mgongoni, jembe mkononi. Wake zetu walisimama naye kwa muda mrefu. Waliporudi njiani, mmoja wao alisema kwamba tangu leo hatalalamika bei ya kitunguu.

Kahawa ya Bi Mkubwa

Kabla ya adhuhuri tulifika katika boma la mama mwenyeji, jamaa ya kiongozi wetu, aliyekubali kutupikia. Nyumba yake imezungukwa na mikahawa. Ilikuwa imeanza kuiva, mbegu nyekundu zimeshikamana na tawi kama ushanga.

Bi Mkubwa alisimama mbele ya mti ule asiseme neno. Marehemu mumewe, baba mkwe wangu, aliuza kahawa chungu mitaani kwa miaka mingi, dele mkono mmoja na vikombe vikilia mkono wa pili. Kwa kahawa hiyo alisomesha watoto sita. Na mkewe, aliyeichoma na kuitwanga kila siku alfajiri, hakuwahi kuuona mkahawa hadi siku ile. Alilishika jani, akaligeuza, akamwuliza mama mwenyeji, "Mwanangu, nyinyi hapa mwainywaje?"

Mama mwenyeji akacheka. "Sisi hatuinywi, Mama. Sisi hunywa chai. Hii tunapeleka kiwandani."

Bi Mkubwa alistaajabu. Sisi wa pwani tunainywa tusiijue ilikotoka, na wao wanaiotesha wasiijue ladha yake. Akauliza kama ndani pana mbuni, yaani kahawa iliyokaushwa na maganda yake. Ilikuwapo, imehifadhiwa katika gunia dogo. Basi wanawake wakaingia kazini. Mama mwenyeji akaitwanga kuitoa maganda, Bi Mkubwa akaichoma kwenye kikaango akiigeuza bila kupumzika mpaka ikawa nyeusi, ikatwangwa tena, ikatokoswa. Kutoka kwenye mkoba wake alitoa tangawizi na iliki alizokuja nazo kutoka nyumbani. Harufu ilipotanda uani majirani wawili walikuja kuuliza kuna nini.

Nikawaeleza vijana kwamba kinywaji hiki kilianza kujulikana miongoni mwa masufi wa Yemen katika karne ya 15, ambao walikinywa ili wakeshe katika dhikri, na kwamba bandari ya Mokha ndiyo iliyokisambaza duniani. Kiongozi wetu naye akatueleza ya kwao. Baada ya baridi kali kuangamiza kahawa ya Brazil mwaka 1975, bei ilipanda duniani kote. Wakati huo Uganda ilikuwa chini ya Idi Amin, na magunia ya kahawa yakavushwa kwa magendo usiku kupitia Chepkube, palipo jirani na Cheptais. Kwa miaka michache watu walitajirika ghafla, kisha bei ikashuka na fedha ikapotea ilivyokuja. Wazee wa hapo wangali wakiisimulia neema ile, na wengi huisimulia kwa majuto.

Mama mwenyeji alikunywa kikombe chake cha kwanza cha kahawa ya shamba lake. Akakunja uso kwa uchungu wake, akanywa tena, akasema, "Kumbe ndiyo hii?"

Ujira wa kiongozi

Sasa nitaeleza kosa langu, maana nasaha isiyo na ukweli haina baraka.

Asubuhi ile sokoni, kiongozi alitaka shilingi 2,000 kwa siku kwa watu wote tisa. Mimi, kwa kuzoea kupatana bei, nilimshusha hadi 1,200. Alinyamaza kidogo, akakubali, nami nikajiona nimeokoa fedha za jamaa. Bi Mkubwa alikuwa karibu, akasikia.

Baada ya chakula tuliketi kivulini. Binti yangu mkubwa alimwuliza kijana yule kama amezaliwa pale. Akasema ndiyo, lakini utoto wake hakuumaliza pale. Nasi tulioishi nchi hii tunajua kisa, japo tumekisahau upesi. Kati ya 2006 na 2008 mlima ule uliingia katika vita vya ardhi, ambavyo mzizi wake ulikuwa ugawaji wa mashamba katika mpango wa makazi wa Chebyuk ulioanza mwaka 1971. Kundi lenye silaha lililojiita SLDF liliua na kutesa raia, na Machi 2008 jeshi likapelekwa katika Operesheni Okoa Maisha, ambayo nayo ililaumiwa kwa mateso. Mamia ya watu walipoteza maisha, na maelfu walihama. Kijana wetu alibebwa usiku na mama yake hadi kwa jamaa wa tambarare. Baba yake hakuonekana tena. Aliyasema hayo kwa maneno machache, akiangalia chini bondeni, kisha akainuka kutuonyesha njia ya kuteremkia.

Tulipokuwa tukiteremka, Bi Mkubwa alinishika mkono, nami nikadhani ataka msaada wa kutembea. "Mwanangu," aliniambia kwa sauti ya chini, "mume wangu alibeba dele miaka thelathini. Waliompunja hawakuwa maskini. Walikuwa watu wenye kuona raha kupunguza. Wewe hufundisha watu ujira wa mfanyakazi ulipwe kabla jasho halijakauka. Na huyu jasho lake umelipunguza kabla halijatoka."

Sikuwa na jibu. Jioni nilimwita kijana kando, nikampa 2,000 za siku ile na za siku iliyofuata, na ziada ya kumwomba radhi. Alikataa ile ziada. Nikamwambia ampelekee mama yake kama zawadi kutoka kwa mama mkwe wangu, hapo akaipokea.

Tunaposema safari ya gharama nafuu, yafaa tujiulize nafuu hiyo inatoka wapi. Ikitoka kwetu, kwa kulala chumba cha kawaida, kula chakula cha wenyeji na kutembea badala ya kukodi gari, hiyo ni wastani na ni jambo jema. Ikitoka mfukoni mwa kiongozi au kwenye jungu la mama aliyetupikia, basi hiyo ni dhuluma iliyovaa kilemba.

Nasaha kwa wanaokusudia

Kwanza, wakati. Mvua za mlima ule huanza Machi au Aprili na huendelea hadi karibu Oktoba. Disemba hadi Februari ndio wakati mwafaka, na likizo ndefu ya shule huangukia hapo. Usiku ni baridi, basi chukueni sweta, hata kama Mombasa mnalala kwa feni.

Pili, mavazi. Baibui refu linaloburura hushika tope na miiba. Wake zetu walivaa suruali pana chini ya baibui lililopandishwa kidogo juu ya kifundo, na raba zilizozoeleka mguuni. Sitara ilibaki kamili na hakuna aliyeanguka. Mwanamke asafiri na maharimu wake, na kundi la familia kadhaa huwapa wanawake utulivu wa kuwa na wenzao.

Tatu, ibada. Msafiri wa umbali huu ana ruhusa ya kupunguza na kukusanya swala, maadamu hakunuia kukaa pale siku nne kamili zisizohesabu ya kufika na ya kuondoka. Sisi tulikaa nyusiku tatu, tukakusanya adhuhuri na alasiri uani kwa mwenyeji. Maji ya mito ni mengi, hatukuhitaji tayamamu.

Nne, chakula. Tulinunua kuku hai, nikaomba kuwachinja mwenyewe, na wenyeji waliridhia kwa moyo mkunjufu baada ya kuelezwa sababu. Ugali, mrenda, ndizi na maziwa vilitosha. Ukikaribishwa kinywaji usichokijua, uliza kwa upole kabla ya kupokea, kwani busaa ni pombe na hutolewa kwa heshima.

Tano, usalama. Mpaka wa Uganda uko karibu mno, na vijia vya kuvukia ni vingi. Msivuke pasipo kituo rasmi kama Lwakhakha, na kila mtu mzima awe na kitambulisho. Msitu na hifadhi vina masharti na ada zake. Matembezi ya vijijini hayahitaji kuingia humo. Watakao mapango ya Kitum, ambayo ndovu huingia gizani kulamba chumvi ya mwamba, hupitia upande wa Kitale, nayo ni safari nyingine.

Mwisho, gharama. Nauli za kwenda na kurudi, malazi ya kushirikiana chumba, chakula na mchango wa ujira kamili wa kiongozi, kila mtu mzima alitumia yapata shilingi 10,000. Tulizikusanya kidogo kidogo kwa miezi minane, na hesabu iliwekwa na wanawake.

Bi Mkubwa alirudi na kibunda cha mbuni alichopewa na mwenyeji wake. Naye kwa kupokea kwake alimwachia iliki yote iliyosalia na kikombe kimoja kati ya vile vya marehemu, ambacho hatukujua kwamba amekibeba. Ijumaa iliyofuata, baada ya swala, alituma watoto na dele hadi barazani petu. Wazee walikunywa na kusifu. Nikawaambia kahawa ile imetoka kwenye tuta gani, na imechumwa kwa mikono ya nani.

Mola atujaalie safari zenye manufaa, awape amani watu wa mlima ule, na amrehemu kila aliyelipwa pungufu akanyamaza. Amin.